Pipi ya pekani inanishinda hapa Lubumbashi: mara mchanga, mara uji

Binti wa Kamalondo

Wapendwa, hamjambo. Naomba msaada wa wanaojua sukari kweli kweli, maana nimeharibu sufuria tatu na pekani zinaniishia.

Mama yetu alienda Texas kumwona yaya, dada yetu mkubwa, alipojifungua mtoto wake wa kwanza. Aliporudi hakutusimulia sana barabara wala maghorofa. Alitusimulia pipi. Ni ya duara, bapa, rangi ya chai ya maziwa, ina pekani ndani, na ukiiweka mdomoni inaachia yenyewe, huhangaiki nayo kama nuga za karanga za hapa kwetu. Kule wanaiita pralini. Mpaka leo akinywa chai anaikumbuka. Mwezi wa 2 anatimiza miaka 60 na nimeamua siku hiyo aikute mezani, imetoka jikoni kwake mwenyewe.

Pekani ni tunda la mti wa Marekani na Meksiko, kokwa yake inafanana na ubongo mdogo mrefu, tamu, ina mafuta mengi. Siku hizi Afrika Kusini wanalima sana. Mjomba wangu anaendesha lori njia ya Johannesburg, akaninunulia kilo 1 iliyokwisha kumenywa kutoka upande wa Hartswater, ikavuka mpaka wa Kasumbalesa chini ya kiti chake. Sasa zimebaki gramu 400 na kidogo.

Yaya alinitumia vipimo kwa simu: sukari nyeupe gramu 300, sukari ya kahawia gramu 150, maziwa mililita 120, siagi gramu 85, pekani gramu 170, vanila kijiko kidogo kimoja, chumvi kidogo. Unachemsha vyote mpaka kipimajoto kionyeshe kati ya 112 na 116, unaepua, unakoroga, unachota kwa kijiko na kumwaga vipande juu ya karatasi. Anasema kwake Houston haijawahi kumkatalia.

Mara ya kwanza nilifuata neno kwa neno. Nilifika 116, nikaepua, nikakoroga mara chache tu, mwiko ukakwama. Iliganda ndani ya sufuria kabla sijachota hata vipande vinne. Ilikuwa kavu, inamomonyoka, mchanga mtupu.

Mara ya pili niliogopa, nikaepua kwenye 104. Ikatambaa kwenye karatasi mpaka ukingoni mwa meza. Asubuhi bado ilikuwa uji.

Mara ya tatu ilishika vizuri, nikafurahi, nikaiacha kwenye sinia usiku kucha. Mvua ilinyesha. Asubuhi kila kipande kimelowa kama kimetoka jasho, kinanata kwenye vidole.

Napikia kwenye mbabula, yaani jiko la mkaa, makala (mkaa) ya kawaida, sufuria nyepesi. Kipimajoto ni kipya, lakini nina wasiwasi nacho: nilikitia kwenye maji yanayotokota kabisa, kikasimama kwenye 96. Si maji yanachemka kwenye 100? Au nimeuziwa kibovu? Nisaidieni kabla sijagusa hizo 400 zilizobaki.

Jirani wa Ruashi

Pole dada. Tia maji ya limau nusu kijiko tangu mwanzo. Mimi nikipika nuga bila limau inageuka punje, nikitia limau inakaa laini kama kioo. Jaribu hivyo.

Mama wa Katuba

Mwanangu, limau usitie. Jirani wa Ruashi hajakosea kwa nuga yake, lakini pralini na nuga haziendi njia moja, na hapo ndipo wengi wanapopotea. Nisome polepole, nimekaa chini kukuandikia.

Mimi nauza nuga za karanga pale soko la mtaa wetu wa Kenya, hapa hapa Lubumbashi, kwa miaka mingi, na za pekani nimezipika kwa ajili ya sherehe za watu walioishi nje. Nuga ni kioo. Unayeyusha sukari mpaka ibadilike rangi, unamwaga, inaganda ngumu, inang'aa, ukiigonga inavunjika. Punje ya sukari ikirudi humo, nuga imeharibika. Ndiyo maana limau linasaidia, linazuia sukari isirudi kuwa punje.

Pralini tunataka irudi. Pralini ni mchanga, ila mchanga mwembamba kiasi kwamba ulimi hauusikii, umezungukwa na siagi na maziwa. Ule ulaini mama yako anaoukumbuka ni punje ndogo sana zinazoachana mdomoni. Kwa hiyo sufuria yako ya kwanza ilikuwa kwenye njia sahihi, ila punje zilikuwa kubwa na zilikuja zote kwa pamoja. Kazi yako yote ni kuzifanya ziwe ndogo, na ziamke wakati unaoutaka wewe.

Sasa anza na sufuria. Ile nyepesi iweke pembeni. Azima sufuria nene ya alumini, zile wanazozimimina mafundi wetu, kitako kizito. Kitako chembamba kinashika moto sehemu moja, sukari inaungua pale na kwingine bado mbichi.

Tia sukari zote mbili, maziwa, siagi na chumvi. Pekani usitie bado. Moto uwe mdogo na ukoroge mpaka sukari iyeyuke yote kabla haijachemka. Utajuaje? Chota tone, likipoa lisugue kati ya vidole viwili. Ukisikia punje, endelea. Ukisikia laini kama mafuta, ndiyo. Kisha chukua kitambaa safi kilicholowa, uzungushe kando za sufuria kwa ndani, ufute punje zote zilizokwama juu. Punje moja ikianguka ndani wakati sharubati imekolea inaita wenzake, na zote zinaganda kubwa kubwa. Nimeona sufuria nzima ikigeuka hivyo kwa muda wa kupepesa jicho.

Ikianza kuchemka, punguza mkono. Kuna maziwa humo, yanaweza kushika chini, kwa hiyo pitisha mwiko taratibu kwenye kitako, lakini usipige. Kwa mbabula, ukiona povu linapanda kwa hasira, chukua majivu uyamwage juu ya makala, moto utatulia bila kuzimika. Sukari inataka moto wa kusubiri.

Kuhusu kipimajoto, mimi sijawahi kuwa nacho. Nina kikombe cha maji baridi. Maji yakishaanza kuzidi kukauka na mapovu yakawa mazito, makubwa, yanapasuka polepole, nadondosha nusu kijiko ndani ya kikombe. Nangoja kidogo, naingiza vidole, naikusanya. Ikitawanyika na kuchafua maji, bado. Ikikusanyika kidonge lakini ukikitoa nje ya maji kinalala na kubonyea kama tonge la bukari (ugali) lililopoa kati ya vidole, epua hapo hapo. Ikikataa kubonyea, umepita, ongeza vijiko viwili vya maziwa, rudisha motoni taratibu, anza tena kupima.

Epua sasa, tia vanila na pekani, halafu UACHE. Hapa ndipo ulipoharibu mara ya kwanza, ulianza kukoroga sukari ikiwa inawaka. Ukikoroga ikiwa moto sana, punje zinazaliwa chache na zinanenepa. Ukingoja dakika kama tano, joto likashuka kidogo na sharubati ikazidi kuwa nzito, kisha ukakoroga kwa mkono imara, zinazaliwa nyingi mno kwa pamoja na hakuna inayopata nafasi ya kunenepa.

Na utazame pekani, zenyewe zitakuambia. Mwanzoni ukikoroga zinazama chini na sharubati inang'aa kama asali. Koroga. Baada ya dakika moja au mbili utaona mng'ao unafifia, rangi inakuwa ya maziwa, na pekani hazizami tena, zinabaki zimeshikiliwa katikati. Hapo una nusu dakika tu. Chota haraka na mimina. Ikikwama sufuriani kabla hujamaliza, ongeza kijiko kimoja cha maji ya moto, koroga, endelea. Usiitupe.

Karatasi ya kuokea kama huna, jani la mgomba lililopitishwa motoni na kupakwa siagi linafanya kazi vizuri kuliko sinia tupu.

Hii kulowa usiku ni mvua. Sukari inakunywa maji ya hewani. Mwezi wa 6 ningekuambia iache mezani hata siku mbili, lakini mwezi wa 1 hapa kwetu hewa yenyewe imelowa. Pika siku isiyo na mvua, na zikishapoa kabisa, si vuguvugu, kila moja ifunge kwa karatasi yake na uzitie kwenye kopo lenye mfuniko unaobana.

La mwisho: usifanye vipimo mara mbili ili umalize siku moja. Sufuria ikijaa huwezi kuchota kwa nusu dakika. Na kabla ya pekani, jizoeze kwa karanga. Karanga za kutupa zipo, pekani za kutupa hazipo.

Muuguzi, Goma

Naongeza jambo moja kwa kuwa karanga zimetajwa. Zichambueni kwanza. Ile iliyosinyaa, yenye ukungu au iliyobadilika rangi itupwe, isikaangwe pamoja na nyingine. Sumu ya ule ukungu haiondoki kwa kukaanga wala kwa kuchemsha kwenye sukari, na watoto ndio wanaokula pipi hizi zaidi.

Mwalimu wa Bukavu

Dada wa Kamalondo, kipimajoto chako ni kizima. Tafadhali usikirudishe dukani.

Maji yanachemka kwenye 100 pale tu ulipo sawa na bahari. Ukipanda, hewa inayoyakandamiza inapungua, na maji yanachemka mapema, karibu digrii 1 kwa kila mita 300. Lubumbashi iko kwenye mita 1,200 hivi juu ya bahari. Gawanya mwenyewe: digrii 4. Mia moja ukitoa 4 ni 96, ndiyo namba uliyoiona. Sisi Bukavu na ndugu zetu wa Goma tuko karibu na mita 1,500, kwetu maji yanatokota kwenye 95.

Sharubati nayo inafuata sheria hiyo hiyo. Joto la sharubati linakuonyesha maji kiasi gani yamebaki ndani yake: kadiri maji yanavyotoka, ndivyo linavyopanda juu ya kiwango cha maji kuchemka. Yaya wako yuko Houston, mji ulio karibu kabisa na usawa wa bahari. Na New Orleans, ambako pralini hizi zimetia mizizi zaidi, sehemu ya mji iko hata chini ya bahari. Namba zao ni za watu wa chini. Walipoandika 112 mpaka 116 walimaanisha digrii 12 mpaka 16 juu ya maji yao yanayochemka. Weka 12 mpaka 16 juu ya 96 yako, unapata 108 mpaka 112.

Kwa hiyo ulipofika 116 kwako, ni kama yaya angefika 120. Maji yalikuwa yametoka kupita kiasi, ndiyo maana ilikauka na kumomonyoka. Na 104 uliyoishia mara ya pili ilikuwa pungufu hata kwa hapa. Kila siku unayopika, anza kwa kupima maji yanayochemka, kisha ongeza juu ya namba utakayoiona. Mimi ningeepua kwenye 110.

Kikombe cha Mama wa Katuba hakihitaji hesabu hii, kwa sababu kidonge kinapima maji yaliyobaki moja kwa moja. Nimefurahi sana kuisoma ile sehemu ya vidole na bukari. Nitaipeleka darasani.

Mtoto wa Likasi, sasa Houston

Nimekaa hapa miaka tisa na pralini ziko kila mahali, nyingine zinauzwa karibu na pa kulipia kwenye mikahawa ya Kimeksiko. Texas wameifanya pekani kuwa mti wa jimbo tangu 1919. Mama yako ana haki ya kuikumbuka.

Ila kuna jambo nataka wasomaji wa kwetu walijue, maana mimi lilinigusa. Jina linatoka Ufaransa, kwa mkuu mmoja wa karne ya 17, du Plessis-Praslin, ambaye jikoni kwake walikuwa wakivika lozi sukari. Wafaransa wakaja nayo Louisiana. Kule pekani zilikuwa zimejaa msituni, zikachukua nafasi ya lozi, na maziwa yakaongezwa. Waliofanya hivyo na kuipeleka mitaani ni wanawake weusi wa New Orleans. Walikuwa wakiziuza vikapuni kwenye mitaa ya mji wa zamani, na kwa wengi wao ndiyo ilikuwa pesa ya kwanza ya mikono yao.

Na mti wenyewe. Pekani ukipanda mbegu yake, mti unaota lakini kokwa hazifanani na za mama yake, moja kubwa, nyingine ndogo ngumu. Kilimo kiliwezekana baada ya mtu kufaulu kuunganisha kitawi cha mti mzuri kwenye shina jingine. Mtu huyo alikuwa mtunza bustani mtumwa, jina lake Antoine, kwenye shamba la Oak Alley, Louisiana, miaka ya 1840. Mwaka 1876 kokwa za aina aliyoianzisha zilionyeshwa kwenye maonyesho makubwa ya Philadelphia, zikapewa jina Centennial. Ukoo wake haujaandikwa, ni jina hilo moja tu. Hata hizo za Hartswater zilizopita Kasumbalesa zinalimwa kwa ufundi ule ule wa kuunganisha.

Dada, onja pekani moja kabla ya kupika. Karibu asilimia 70 yake ni mafuta, na mafuta hayo yanachacha upesi kwenye joto. Ukisikia uchungu kooni kama wa mafuta ya zamani, hiyo harufu sukari haitaificha. Zilizo nzima zifunge zisipate hewa na uziweke kwenye friji. Na uzikaange kikavu kidogo kabla ya kuzitia, mpaka zinukie, basi.

Binti wa Kamalondo

Nimerudi, na leo nina la kusema.

Jumanne nilipika kwa karanga, nilizozichambua moja moja kama alivyosema muuguzi. Niliazima sufuria nene kwa jirani. Maji yalichemka kwenye 96, nikaandika namba ukutani kwa kaa: 108, 110, 112. Kwenye 107 nilidondosha tone kikombeni, likatawanyika. Kwenye 109 likakusanyika lakini likawa linateleza. Kwenye 110 nikalitoa nje ya maji, likalala juu ya kidole changu likabonyea lenyewe. Tonge la bukari kabisa. Nikajikuta nacheka peke yangu jikoni, umeme wenyewe umekatika na ninamulika kwa simu.

Nikangoja zile dakika tano. Mama wa Katuba, ile ilikuwa sehemu ngumu kuliko zote. Mkono unataka kukoroga. Niliutia mfukoni. Kisha nikakoroga, na kweli, karanga zikaanza kuogelea katikati, mng'ao ukafifia kama kioo kilichopuliziwa pumzi. Nikachota. Kipande cha mwisho kiliganda na kijiko ndani yake, vingine vyote vikashika.

Jana, jua lilipotoka baada ya mvua ya asubuhi kukauka, nikafanya za pekani, nusu ya nilizobakiza. Nilionja moja kwanza, tamu. Vimetoka vipande 24. Nilipovunja kimoja, ndani yake ni rangi moja tu, hakuna punje unayoiona, na mdomoni kikaachia. Nimepiga picha nikamtumia yaya. Aliniuliza niliepua kwenye ngapi, nikamwambia 110, akasema haiwezekani. Nikampelekea maneno ya mwalimu.

Nimevifunga kimoja kimoja, viko kwenye kopo la maziwa ya unga, juu ya kabati. Usiku mvua ilipiga bati mpaka alfajiri. Nimefungua kopo asubuhi hii, vyote vikavu. Nusu nyingine ya pekani nitaipika Ijumaa, sherehe ni Jumamosi. Mama ameshauliza mara mbili hii harufu ya siagi jikoni inatoka wapi, nikamwambia ni keki.

Mwalimu, asante. Kaka wa Houston, ile habari ya Antoine nitaisimulia mezani siku hiyo. Mama wa Katuba, meza yako iko upande gani wa soko? Nimekutengea vipande vitano.

Mama wa Katuba

Ukiingia kwa upande wa wauza vitenge, nenda moja kwa moja mpaka kwa wauza samaki wakavu, mimi niko mkono wa kushoto, nina mwavuli wa buluu. Njoo kabla ya saa 6, baada ya hapo msongamano ni mwingi. Na lile kopo usilifungue pale karibu na samaki, siagi inachukua harufu. Tutapanda juu kwa dada yangu anayeuza chai, tutafungulia huko.